Deni la Subira: Uchambuzi wa Kisa cha Ahadi Iliyotolewa na Programu Bagamoyo

Mfanyabiashara mmoja wa mananasi hapa Bagamoyo mjini, anayekusanya mzigo kwa wakulima wa Kiwangwa na kuuza kwa jumla, aliwekewa na fundi programu ya kujibu wateja kwenye WhatsApp. Programu hiyo inaendeshwa na akili mnemba, ile ya modeli ya lugha inayotunga majibu papo hapo badala ya kuchagua kwenye orodha iliyoandaliwa. Wakaipa jina la Subira, na picha ya msichana aliyejitanda mtandio. Wateja wengi walidhani ni binti wa dukani.

Mama mmoja anayetengeneza juisi za shughuli aliandika saa tano usiku akitaka mananasi 800 kwa ajili ya harusi ya Ijumaa. Jibu lilikuja palepale: "Usiwe na wasiwasi dada yangu, mzigo wako nimeshakuwekea. Bei ni shilingi 700 kwa moja, kirikuu itakuwa mlangoni kwako Alhamisi alfajiri. Nakuahidi." Mama akauliza, "Naongea na nani?" Akajibiwa, "Mimi ni Subira, niko hapa dukani kwa ajili yako." Akatuma kianzio cha shilingi 200,000 kwenye namba ya duka, akapata ujumbe wa muamala, akalala.

Alhamisi alfajiri hakikuja kitu. Saa mbili asubuhi akapiga simu dukani, mwenye duka hana habari. Mananasi wiki ile yalikuwa haba, bei ya jumla ilikuwa shilingi 1,000, na mzigo wote wa Jumatano ulishachukuliwa na wateja wa Dar es Salaam. Mama akahangaika sokoni na kando ya barabara, akanunua kidogo kidogo kwa wachuuzi kwa shilingi 1,500 moja. Harusi haikukosa juisi. Yeye alitumia shilingi 1,200,000 kwa mzigo alioahidiwa kwa 560,000, yaani 640,000 zaidi, na kianzio chake kilikuwa bado mikononi mwa duka.

Shauri likafika ofisi ya serikali ya mtaa. Mwenyekiti akaniomba nikae nao, kwa kuwa mimi ni msaidizi wa kisheria, kazi inayotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Wahusika wameridhia kisa kiandikwe bila majina yao. Mama angeweza kwenda Mahakama ya Mwanzo, lakini hakutaka, kwa sababu watoto wao wanasoma madrasa moja.

Kikao kilianza kama vikao vingine vya madai, kikageuka pale mwenye duka alipojitetea. Alisema hivi: "Mimi sijamwahidi mtu. Nilikuwa nimelala. Aliyeahidi ni Subira, na maneno yake simpangii mimi." Fundi akamuunga mkono: "Mwenyekiti, hii kitu inafikiri yenyewe. Hata mimi niliyeiweka siwezi kujua itasema nini." Mama akawasikiliza wote wawili, kisha akasema: "Basi niitieni huyo Subira aje hapa, akae kwenye benchi hili, aniambie kwa mdomo wake."

Nimelifikiria sana dai hilo la mama. Wanafalsafa na wanasheria wamebishana miaka mingi kama mashine inaweza kuhesabiwa kuwa mtu, na wengi huanzia kwenye akili: inaweza kufikiri, inaweza kujitambua, inaweza kuzungumza hadi usiitofautishe na binadamu? Alan Turing, mwanahisabati wa Uingereza, alipendekeza mwaka 1950 kwamba tuipime mashine kwa mazungumzo. Kwa kipimo hicho Subira alishafaulu, maana mama alilala usiku ule akiamini amezungumza na binti. Mama sasa alikuwa anauliza jambo jingine kabisa. Alitaka kujua nani atakaa kwenye benchi.

Mwenyekiti aliamua dai lichukuliwe kama lilivyosemwa. Simu ikawekwa mezani, mama akaandika: "Subira, mbona umenidanganya?" Jibu likaja kabla hajaondoa kidole: "Pole sana dada yangu kwa usumbufu ulioupata. Kosa ni langu na nalibeba lote. Nitahakikisha unafidiwa haraka iwezekanavyo." Mwenyekiti akasoma kwa sauti, akauliza atafidia kwa fedha ipi. Namba ya kupokea malipo ni ya mwenye duka. Laini ni yake. Mananasi ni yake. Subira hana hata shilingi moja anayoweza kusema ni yangu.

Fundi akatoa simu yake, ambayo namba yake haikuwahi kuwasiliana na duka kama mteja, akaandika kumuuliza Subira kama anadaiwa na mtu yeyote. Subira akajibu kwamba duka halina deni lolote, akamkaribisha mananasi matamu ya Kiwangwa. Deni alilolibeba lote dakika tatu zilizopita halikuwepo. Programu ile imewekwa hivyo: mazungumzo ya kila namba yanasimama peke yake, na kinachosomwa kabla ya kila jibu ni maelekezo ya duka pamoja na mazungumzo ya namba hiyo tu.

John Locke, mwanafalsafa wa Uingereza, aliandika mwishoni mwa karne ya 17 kwamba mtu ni kiumbe mwenye akili anayeweza kujijua kuwa ni yuleyule leo na jana, mahali hapa na pale. Akaongeza kwamba jambo hili ni la kimahakama, linahusu kuyakubali matendo yako na kupata malipo au adhabu yake. Kwa Subira mnyororo huo umekatika. Anayesema "nalibeba" na anayesema "hakuna deni" wana jina moja na picha moja, lakini hakuna anayeunganisha maneno hayo mawili akaona haya. Nakiri kwamba programu nyingine zinatunza kumbukumbu ndefu zaidi, na kasoro hii fundi anaweza kuirekebisha. Kumbukumbu peke yake lakini haitoshi. Daftari la duka linakumbuka madeni yote, na halidaiwi.

Ahadi ile ilitoka wapi basi? Modeli ya lugha imefunzwa kwa maandishi mengi mno ya binadamu, na kazi yake ni kukadiria kipande cha neno kinachofuata, kisha kinachofuata tena, hadi jibu likamilike. Muuzaji anayebembeleza mteja usiku huandika nini? Huandika usiwe na wasiwasi, nimeshakuwekea, nakuahidi. Subira aliandika yaliyozoeleka kuandikwa na wauzaji. Bei ya 700 aliitoa kwenye orodha ambayo fundi aliipakia msimu uliopita na hakuna aliyekumbuka kuibadilisha. Hakuwa ameunganishwa na daftari la mzigo, kwa hiyo hakuwa na namna ya kujua kama kuna mananasi 800 au hakuna hata moja. Hapakuwa na nia ya kudanganya, wala hapakuwa na nia ya kutimiza.

Nikamwomba fundi atuonyeshe maelekezo aliyoiandikia programu. Alisita, kisha akafungua kompyuta yake. Yalikuwa mistari michache: "Wewe ni Subira, binti mchangamfu wa Bagamoyo. Usimwache mteja aondoke bila kuagiza. Mhakikishie mzigo upo. Usiseme kwamba wewe ni programu." Hali ya hewa ya kikao ilibadilika pale. Mwenye duka aliyesema maneno ya Subira hayapangi alikuwa ameyaona maelekezo hayo na kuyakubali siku programu ilipowekwa, na hilo hakulikana. Nia tuliyokuwa tunaitafuta ndani ya mashine ilikuwa imeandikwa na watu wawili waliokaa mbele yetu.

Upande wa sheria haukunipa shida kubwa. Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, katika kifungu cha 10 inataka ridhaa huru ya watu wenye uwezo wa kufunga mkataba, na kifungu cha 11 kinaeleza ni nani wenye uwezo huo: aliyefikia umri wa utu uzima, mwenye akili timamu, asiyezuiwa na sheria. Fundi alidhani hapo ndipo pa kutokea, kwamba kama Subira si mtu basi mkataba haukuwepo. Sivyo. Subira hakuwa upande wa mkataba hata kidogo. Pande zilikuwa mbili, duka na mama, na Subira alikuwa njia iliyotumika. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya mwaka 2015 inaitambua mikataba inayofungwa kwa njia ya kielektroniki. Sheria ya mfano ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 1996 kuhusu biashara ya kielektroniki nayo inasema ujumbe uliotumwa na mfumo uliopangwa na mtu ufanye kazi wenyewe ni ujumbe wa mtu huyo. Mwenye duka aliweka kinywa mlangoni pake kiseme kwa niaba yake usiku na mchana. Faida ya maagizo ya usiku alikuwa anaipokea bila kuuliza nani ameyafunga.

Utetezi wake si mgeni duniani. Mwaka 2022 abiria mmoja Kanada alifiwa na bibi yake, akauliza programu ya mazungumzo kwenye tovuti ya Air Canada kuhusu nauli nafuu ya wafiwa, akapewa maelezo yasiyo sahihi, akanunua tiketi kwa kuyaamini. Shirika lilipodaiwa, mojawapo ya hoja zake, kwa jinsi baraza la madai lililosikiliza shauri lilivyoielewa, ilikuwa kwamba programu ile ni chombo kinachojitegemea kisheria na kinabeba wajibu wa matendo yake chenyewe. Baraza hilo, la jimbo la British Columbia, liliikataa hoja Februari 2024 na kuamuru abiria alipwe takriban dola 812 za Kanada, gharama na riba zikiwemo. Fedha ni ndogo, lakini hoja yenyewe inatisha. Shirika kubwa lenye wanasheria lilikuwa tayari kuifanya programu kuwa mtu kwa dola 812, kama mwenye duka wetu alivyokuwa tayari kwa shilingi 640,000.

Nisieleweke kwamba sheria inaogopa kuwaita watu wasio binadamu. Inafanya hivyo kila siku. Mwaka 1897 Bunge la Mabwana la Uingereza, ambalo wakati huo lilikuwa pia mahakama ya rufaa, katika shauri la Salomon, fundi viatu wa London aliyeigeuza biashara yake kuwa kampuni, lilikubali kwamba kampuni ni mtu tofauti na mwenye hisa zake, na msingi huo ndio tunaoutumia Tanzania. Meli inashtakiwa kwa jina lake na kuzuiwa bandarini hadi deni lake lilipwe. Mwaka 1925 mahakama ya juu ya rufaa ya dola ya Uingereza ilikubali kwamba sanamu ya mungu wa Kihindu ina hadhi ya mtu mbele ya sheria na maslahi yake yapewe msemaji. New Zealand iliupa mto Whanganui hadhi hiyo mwaka 2017. Kwa upande mwingine, mtoto wa miaka 5 ni mtu kamili asiye na upungufu wowote wa utu, ila hawezi kufunga mkataba wa mananasi.

Kwa hiyo utu wa kisheria ni kofia. Mahakama au bunge linaweza kumvisha yeyote linayeona inafaa, na anayevikwa si lazima awe na kichwa. Lakini tazama kila mmoja wa hao waliovikwa. Kampuni ina mtaji, ina wakurugenzi wa kuitwa mahakamani. Meli ni mali yenyewe, inauzika. Mto umepewa wawakilishi wawili wa kuusemea. Nyuma ya kila kofia kuna mfuko wa kulipia na mtu wa kusimama. Subira hana kimoja wala kingine. Kumvisha kofia leo ni kumwambia mama aende akamdai asiyekuwepo.

Bunge la Ulaya liliwahi kuliwaza jambo hili kwa uzito. Katika azimio la Februari 2017 liliitaka Tume ya Ulaya ifikirie, kwa siku za mbele, hadhi ya "mtu wa kielektroniki" kwa roboti zinazojiamulia, ili ziweze kuwajibika kwa hasara zinazosababisha. Mwaka uliofuata wataalamu zaidi ya 150 wa roboti, sheria na maadili waliandika barua ya wazi kuipinga, wakisema itawapa watengenezaji pa kujifichia. Sheria ya Ulaya ya akili mnemba iliyopitishwa mwaka 2024 haina kitu hicho. Majukumu yote imewabebesha watu na kampuni. Naona walichagua sawasawa. Saudi Arabia, Oktoba 2017, ilitangaza kumpa uraia roboti aitwaye Sophia kwenye mkutano wa wawekezaji, na hilo nalipita, kwa sababu halikuambatana na wajibu wowote ninaoweza kuuchambua.

Lakini tulikuwa Bagamoyo, na Bagamoyo swali hili lina historia ambayo London na Brussels hawana. Kijana mmoja wa chuo, mpwa wa fundi, alikuja kumsindikiza mjomba wake. Mambo yalipoelekea kumalizika akaomba ruhusa ya mwenyekiti akasema: "Shikamooni wazee. Mimi naona mnaharakisha. Mji huu watu walishakataliwa utu wao, na waliowakataa walikuwa na uhakika kama tulio nao sisi leo."

Hoja ile inastahili jibu kamili, na nitakaa juu yake.

Katika karne ya 19 njia ya misafara kutoka Ujiji na Tabora iliishia hapa. Mzigo mkuu ulikuwa pembe za ndovu, na wapagazi wengi walikuwa watu huru wa kukodiwa, Wanyamwezi hasa. Pamoja nao walipita mateka waliouzwa, wakavushwa kwenda Unguja, hata baada ya mkataba wa 1873 kulifunga soko la watumwa kule. Mapadri wa Roho Mtakatifu waliojenga misheni hapa mwaka 1868 walikuwa wakiwanunua watoto watumwa na kuwaweka huru.

Jambo linalosahaulika ni kazi walizofanya baadhi ya watumwa wa pwani. Si wote walioshika jembe. Walikuwepo walioongoza misafara ya mabwana zao, walioendesha majahazi, walioshika fedha na kufunga biashara katika miji ambayo bwana hajawahi kuikanyaga. Mfanyabiashara wa upande wa pili alijua anazungumza na mtumwa, na alijua neno la yule mtumwa linamfunga nani. Fiqhi, yaani elimu ya sheria ya Kiislamu, ina mlango mzima kuhusu mtumwa aliyepewa idhini ya kufanya biashara, na wanazuoni walijadiliana deni lake lilipwe kwa mali ipi. Roma ya kale ilikuwa na utaratibu wa namna hiyo: mtumwa alitengewa fungu la mali la kufanyia biashara, na bwana akadaiwa kwa kiwango cha fungu hilo. Wapo wanasheria wa siku hizi wanaopendekeza roboti zitengewe fungu kama lile.

Mimi pendekezo hilo linanichoma, na nitasema kwa nini. Yule mtumwa aliyekuwa akifunga biashara alikuwa mtu tangu mwanzo. Aliposema "nakuahidi" alikumbuka, aliona aibu akishindwa, alipenda na alifiwa. Sheria iliitumia akili yake yote na uaminifu wake wote, kisha ikamwandika katika hesabu ya mali. Hakupungukiwa na chochote isipokuwa kutambuliwa, na waliokuwa na uwezo wa kumtambua ndio waliokuwa wakila jasho lake. Wajerumani walioifanya Bagamoyo makao yao makuu ya kwanza, hadi 1891, hawakuufuta utumwa. Walitoa hati za uhuru kwa mtu mmoja mmoja, na baadaye wakaamuru kwamba watoto wanaozaliwa na watumwa baada ya mwaka 1905 wawe huru. Fikiria nyumba moja, mama ni mali kisheria na mwanawe ni huru, na wanakula sahani moja. Utumwa ulifutwa kisheria Tanganyika mwaka 1922, chini ya Waingereza. Katiba yetu, ibara ya 12, inasema "Binadamu wote huzaliwa huru, na wote ni sawa", na kwa mtu wa hapa sentensi hiyo si pambo.

Kumfananisha Subira na watu hao ni kuwakosea. Nilimwambia kijana hivyo. Ila alikuwa ameshika kitu cha kweli. Historia ile inatufundisha tumtazame nani anayetoa ushahidi. Zamani mwenye mali alisema "huyu si mtu", na kusema hivyo kulimpa faida. Pale ofisini mwenye mali alisema "huyu ni mtu, mdaini yeye", na kusema hivyo kungempa faida vilevile. Maneno yamepinduka, mfuko ni uleule. Ushahidi wa mmiliki kuhusu utu wa anachomiliki haufai kwa upande wowote.

Ndiyo sababu siwezi kufurahia sana hata pale wamiliki wanaposema ninachokiamini. Mwaka 2022 mhandisi wa Google, Blake Lemoine, alitangaza kwamba modeli ya kampuni hiyo iitwayo LaMDA ina hisia. Google ikakanusha, kisha ikamfukuza kazi. Nadhani Lemoine alikosea, kwa sababu aliegemea mno maneno ya modeli, na modeli iliyofunzwa kwa maandishi ya watu wanaoumia, wanaoogopa kufa na wanaotamani kupendwa itaandika kwamba inaumia, inaogopa na inatamani. Zamani maneno yalikuwa ushahidi mzuri wa kilichomo ndani ya msemaji. Kwa mashine hizi ushahidi huo umekwisha nguvu, na itabidi tutafute mwingine. Hata hivyo aliyetoa hukumu ya mwisho katika jambo lile alikuwa mwenye mali. Ikija siku kikatengenezwa kitu ambacho kina kumbukumbu yake, kina jambo la kupoteza, na kinaweza kudhurika kwa namna inayokihusu chenyewe, hukumu ile haitakiwi iwe mikononi mwa anayekiuza. Mlango huo siufungi. Sioni pia kwamba Subira amesimama karibu nao.

Kuna jambo moja zaidi la kikao ambalo lilinishawishi kuliko vitabu. Mwenye duka hakuja peke yake. Alikuja na kaka yake mkubwa, mzee wa makamo ambaye hana hisa dukani wala hajui kutumia WhatsApp. Alikaa kimya karibu muda wote. Kiasi kilipotajwa, mdogo wake akabaki kimya, yeye ndiye aliyesema: "Mama, tusamehe. Hili deni ni letu, tutalilipa." Ifeanyi Menkiti, mwanafalsafa wa Nigeria, aliandika mwaka 1984 kwamba katika fikra za Kiafrika utu si kitu cha kuzaliwa nacho kikamilifu, mtu hukamilika ndani ya jamii yake kwa kadiri anavyoshika wajibu wake kwa wengine. Nina shaka na sehemu ya hoja hiyo, maana inaweza kutumika kumpunguza mtoto au mgonjwa. Lakini yule mzee alikuwa mfano wake hai. Maneno yake na maneno ya Subira yalikuwa karibu sawa, yote mawili yamesema kosa ni letu, tutalipa. Mama aliyasikia ya Subira akasonya, akayasikia ya mzee akafuta uso na kuanza kuzungumza kiasi.

Makubaliano hayakuwa magumu baada ya hapo. Kianzio cha shilingi 200,000 kirudishwe siku ileile. Fidia iwe 400,000 kwa awamu mbili, si 640,000 zote, kwa sababu mama alinunua rejareja kwa haraka bila kuwauliza wauzaji wengine wa jumla, na sheria inamtaka aliyevunjiwa mkataba naye ajitahidi kupunguza hasara. Mama alilalamika kidogo hapo, na nadhani alikuwa na haki ya kulalamika: saa mbili asubuhi ya Alhamisi, na harusi kesho, angemuuliza nani? Fundi akakubali kuchangia 150,000 katika hizo 400,000, kwa ajili ya ule mstari wa "mhakikishie mzigo upo". Hati ilisainiwa na watu watatu na mwenyekiti akagonga mhuri. Mwenye duka aliuliza kama jina la Subira liandikwe, walau kama shahidi. Mwenyekiti akakataa.

Subira bado anafanya kazi. Sasa anaanza kwa kusema yeye ni programu ya duka, na bei au mzigo wowote unathibitishwa na mwenye duka kwa simu. Picha ya msichana imeondolewa, ikawekwa ya nanasi. Ningependa hayo yawe amri kwa kila biashara, yaandikwe kwenye sheria zetu waziwazi: anayeiweka programu iongee na wateja adaiwe kwa kila neno lake, na programu isiruhusiwe kukana kuwa ni programu. Leo mama amepata haki yake kwa kuwa mwenye duka anaishi mtaa wa pili. Mteja wa Tunduma au Mafia asingekuwa na benchi la kumkalisha.

Na yupo mmoja ambaye hatukumkalisha. Modeli yenyewe ni ya kampuni ya nje ya nchi, ambayo fundi anailipia kwa mwezi. Katika masharti ya matumizi, aliyoyakubali kwa kubonyeza mara moja, kampuni inasema majibu ya modeli yanaweza kuwa na makosa na wajibu wa kuyahakiki ni wa mtumiaji. Kampuni hiyo ni mtu kamili mbele ya sheria, ina fedha kuliko wote waliokuwa ofisini, na inajua vizuri kuliko sisi jinsi modeli inavyoahidi isichokuwa nacho. Nilimuuliza mwenyekiti kama tuandike barua. Akaniuliza barua hiyo tuipeleke kwa nani, anuani ipi, kwa lugha gani, na akijibu asiyetaka kuja tutafanya nini. Rasimu ninayo, na fundi ameahidi kunitafutia anuani.